Barua ya wazi kwa wakubwa wa Kigoma: Turuhusuni kutazama

Kibirizi, Kigoma

Kwa Mheshimiwa Mkuu wa Mkoa wa Kigoma, na kwa wakubwa wote mnaosimamia hifadhi, sanaa na mafunzo ya ufundi katika mkoa huu.

YAH: OMBI LA KUKAA GOMBE SIKU TATU NA KUTAZAMA SOKWE AKIGEUKA

Shikamoo Mheshimiwa, na shikamooni wote.

Najua kichwa cha barua hii kinachekesha. Nimekiandika hivyo makusudi. Barua nilizopeleka kwenye ofisi mbalimbali kabla ya hii zilikuwa na vichwa vya heshima, "ombi la ushirikiano katika sekta ya ubunifu" na vingine vya namna hiyo, na hakuna hata moja iliyojibiwa. Safari hii nimeamua kusema ninachokitaka kwenye mstari wa kwanza, ili mwenye kucheka acheke mapema, kisha tuzungumze.

Mimi ni binti wa hapa Kibirizi, nina miaka 31, na mama yangu anauza dagaa. Kazi yangu ni kuwatembeza wanyama ambao hawapo. Umewahi kuona filamu ina joka, au fisi anayeongea, au sokwe mkubwa anayepanda ghorofa? Yule mnyama hakuwepo siku ya kupiga picha. Mtu mmoja amechonga umbo lake kwenye kompyuta, mwingine amemtia mifupa, mwingine misuli na ngozi, mwingine manyoya, na mwingine amemmulika taa zifanane na jua la siku ile. Mimi niko katikati ya hao wote: nikishapewa mnyama mwenye mifupa tayari, ambayo sisi tunaiita rigi, ninamfanya atembee. Sekunde moja ya filamu ina fremu 24, yaani picha 24 zinazofuatana. Katika kila fremu mnyama lazima awe mahali fulani, na uzito wake uwe umeegemea mguu fulani. Nikikosea fremu mbili tu, mtazamaji hajui kosa liko wapi, ila tumbo lake linamwambia kwamba anadanganywa.

Kwa Kiswahili kazi hii inaitwa uhuishaji, na neno hilo limewahi kuniletea kesi nyumbani. Bibi yangu wa Ujiji aliposikia kwamba mjukuu wake "anahuisha viumbe" aliweka tasbihi chini akaniambia kwamba mwenye kuhuisha ni Mungu peke yake, na kwamba siku ya kiyama wachoraji wataambiwa watie roho walivyovichora. Sikubishana naye. Tangu siku hiyo nikiwa Ujiji nasema mimi "nachezesha", kama mtu anavyochezesha mwanasesere, na bibi ameridhika, ingawa bado ananiombea.

Serikalini nako jina halijakaa sawa. Kuna ofisi moja niliyokwenda kujaza fomu, kwenye nafasi ya kazi nikaandika "mhuishaji wa viumbe wa kidijitali". Kijana wa dirishani alisoma, akanitazama, akasoma tena. "Dada," akasema kwa upole kabisa, "andika mjasiriamali." Nikaandika mjasiriamali. Muuza vitumbua wa nje ya ofisi ile ni mjasiriamali, mwenye bodaboda aliyenileta ni mjasiriamali, na mimi mwenye joka ndani ya begi ni mjasiriamali. Sina neno na hilo, ila napenda mjue kwamba takwimu zenu zikisema mkoa hauna watu wa kazi hii, mmoja yuko humo, amefichwa kwenye ujasiriamali.

Niseme nilivyoingia, kwa kifupi. Nilikuwa mtoto wa kuingia kwa kuiba kwenye banda la video pale Mwanga, yale ya mabenchi ya mbao na pazia jeusi mlangoni. Siku moja ikawekwa filamu ya sokwe mkubwa anayepelekwa mjini kwa meli. Wenzangu walipiga kelele alipopigana. Mimi kilichonishika ni pale alipoketi. Aliketi kama anavyoketi mtu mzito aliyechoka, makalio yakitangulia, mikono ikifuata, na pumzi ikitoka mwishoni. Nilijua si mnyama wa kweli na bado nilimwonea huruma. Niliishi na swali hilo miaka mingi: ni nani alimfundisha kuketi?

Jibu nililipata Dar es Salaam, nikisoma cheti cha kompyuta ambacho hakikunifundisha hata fremu moja ya mwendo. Yaliyobaki nilijifunza usiku, kwa bando la usiku, kutoka kwa watu wanaofundisha bure kwenye intaneti. Kazi yangu ya kwanza ya kulipwa ilikuwa mbuzi. Sekunde sita, anaruka uzio, tangazo la rangi ya nyumba. Baada ya mbuzi wakaja popo, fisi wawili, na joka moja ambalo kichwa chake kilikuwa kizito kuliko shingo, nikateseka nalo wiki tatu. Studio za nje zina tabia ya kugawa kazi vipande vipande: huyu anapewa mkia, yule mabawa, mimi napewa hatua kumi na mbili kutoka mlangoni hadi mezani. Jina langu limetokea mwishoni mwa filamu mara moja tu, na limekosewa herufi. Nilirudi Kigoma kwa sababu chumba cha Dar kilikuwa kinakula nusu ya ninachopata, na kwa sababu kazi yenyewe haiulizi unakaa wapi. Inauliza kama umeme upo.

Sasa nije kwenye jambo lenyewe.

Jibu la swali langu la utotoni ni kwamba sokwe yule alifundishwa kuketi na mtu aliyekwenda kuwatazama sokwe wakiketi. Mwigizaji Mwingereza Andy Serkis, aliyetoa mwendo wa sokwe wa filamu ile, King Kong ya mwaka 2005, alisafiri hadi Rwanda kuwatazama sokwe wa milimani, yaani gorila, kabla hajavaa nguo ya vitambuzi vya kunasa mwendo na kuigiza. Rwanda, Mheshimiwa, jirani zetu hapa. Mtu alitoka Ulaya akapanda mlima, akatazama, akarudi na mwendo kichwani, na mafundi wa New Zealand wakaugeuza kuwa mnyama. Katika kazi hii kutazama ndiyo nusu kubwa ya ujuzi. Kompyuta inafuata nyuma.

Nami ninaishi kilomita kama 16 kutoka Gombe, hifadhi ya sokwe. Boti za kwenda huko zinaondokea pwani hii hii ninapoandikia, nikiinua kichwa naziona zikipakia magunia. Nimekwenda mara moja tu maishani, na shule, darasa la sita, nikiwa nimebanwa katikati ya wanafunzi wenzangu wanaopiga chafya. Tulimwona sokwe jike mzee. Aliinuka, akageuka, akaondoka. Ilichukua labda sekunde nne. Nimekuwa nikijaribu kuzikumbuka sekunde hizo nne kwa muda wa miaka ishirini.

Mtu ataniambia: si kuna video? Zipo, tele, na nimezitazama zote ninazoweza kuzimudu kwa bando. Tatizo la filamu za wanyama ni kwamba anayezipiga anapenda tukio. Anataka sokwe dume akisimamisha manyoya na kuburuta tawi, anataka mama na mtoto, anataka uso unaojaa skrini. Sokwe akimaliza kelele akaanza kuondoka, picha inakatwa. Mimi nahitaji hasa kile kinachokatwa. Nahitaji kuona anavyokaa bila kufanya lolote, anavyohamisha uzito kutoka paja moja kwenda jingine, mkono upi unanyanyuka kwanza anapogeuka kwenye mteremko. Sokwe hutembea akiegemea migongo ya vidole, si viganja, kwa hiyo bega lake hufanya kazi ambayo bega langu halijawahi kuifanya. Siwezi kujirekodi chumbani nikitambaa na kupata jibu, ingawa nimejaribu, na mdogo wangu anazo picha za ushahidi.

Kwa hiyo nilikwenda kuomba ruhusa. Sitaitaja ofisi, na mhusika alinikaribisha vizuri, hata maji alinipa. Nilieleza: nataka kukaa siku tatu, nina simu, miguu mitatu ya kusimamishia simu, na daftari. Akauliza picha zitatumika wapi. Nikasema kwenye kompyuta, kujifunzia mwendo wa kuchezesha viumbe wa filamu. Aliposikia neno filamu uso ukabadilika. Nilipewa fomu ya kampuni za filamu. Ilitaka orodha ya watendaji wangu, magari, vifaa vya sauti, bima na muswada wa hadithi. Ada yake, nilipoambiwa, nilicheka kabla sijajizuia. Nikauliza kama kuna njia nyingine. Akasema ipo, niingie kama mtalii, lakini nisipige picha kwa ajili ya kazi. Nikauliza, je, kuchora? Hilo alisema atauliza. Bado anauliza.

Simlaumu. Alikuwa na fomu mbili mezani, ya mtalii na ya kampuni, na aliyesimama mbele yake hakuwa mtalii wala kampuni.

Lakini kumbukeni, wakubwa zangu, kwamba mkoa huu umeshawahi kukutana na mtu wa namna hiyo. Julai 1960 msichana wa miaka 26 alishuka kwenye boti pale Gombe akiwa na darubini na daftari. Hakuwa na shahada yoyote ya chuo kikuu. Wakubwa wa wakati ule, wa kikoloni, walikataa asikae porini peke yake, basi akaja na mama yake mzazi. Kazi yake ilikuwa kutazama. Miezi ya mwanzo sokwe walimkimbia, yeye akaendelea kutazama kutoka mbali, na kabla mwaka ule haujaisha alimwona dume aliyempa jina David Greybeard akichomeka jani la nyasi kwenye kichuguu na kuvua mchwa. Mpaka siku ile vitabu vilikuwa vinasema kutengeneza na kutumia vifaa ni kwa binadamu peke yake. Jane Goodall alifariki Oktoba 2025 akiwa na miaka 91, na kila mgeni anayefika mji huu anataka kuona pale alipokaa.

Jina la Gombe limekuzwa na msichana asiye na shahada aliyeruhusiwa kutazama. Mimi naomba siku tatu tu. Na ikiwa sharti la mama bado lipo, mama yangu yuko tayari, ila atakuja na dagaa wake.

Msidhani ninalia na sokwe peke yao. Niwasimulie kisa cha samaki, maana hicho ndicho kilichonifungua macho kwamba Kigoma ni shule.

Nilipewa kazi ya sekunde tisa: kundi la samaki wadogo linapita mbele ya mzamiaji, linashtuka, linapasuka, linaungana tena. Kuna njia ya zamani ya kufanya hivyo. Mmarekani Craig Reynolds aliieleza mwaka 1987: kila samaki mpe kanuni tatu, usimgonge jirani, elekea anakoelekea jirani, usiachwe mbali na wenzako, kisha liache kundi lijiendeshe. Inashangaza kwamba kanuni tatu tu zinazaa kundi zima. Nikaziweka, samaki elfu nne wakaogelea, nikafurahi. Jioni akapita mjomba wangu, mvuvi wa taa tangu enzi za karabai, akatazama kioo cha kompyuta huku ametafuna muwa.

"Hawa wamekufa," akasema.

"Mjomba, si wanaogelea?"

"Wanaogelea, ndiyo. Lakini wanaogopa wote kwa pamoja. Dagaa haogopi hivyo. Anaogopa mmoja wa pembeni, yule wa jirani yake anamwona, na woga unatembea kama upepo kwenye shuka. Wa upande wa pili wanakimbia bila kujua wanakimbia nini." Akameza. "Na hawa hawajaona taa. Wakiona taa hupanda wanazunguka, wanene chini."

Nilikesha siku mbili nikiufanya woga utembee. Mteja alipokea kazi bila kurudisha hata fremu moja, jambo ambalo halijanitokea tena. Mjomba nilimnunulia tochi mpya. Yeye hajui kwamba ni mshauri wa viumbe wa kidijitali, na katika fomu zenu naye bila shaka ni mjasiriamali.

Na ziwa hili lina mambo ambayo mbunifu wa Ulaya akiyaota ataambiwa amezidisha. Kuna samaki humu anayeishi kwa kula magamba ya samaki wenzake. Wapo ambao mdomo wao umepinda kulia na wapo waliopinda kushoto, na kila mmoja hushambulia ubavu unaofaa upande wa mdomo wake. Kuna samaki wadogo ambao nyumba yao ni kombe tupu la konokono. Kuna mama wa samaki anayewafungia watoto mdomoni wakati wa hatari, akawatema baadaye. Anayebuni kiumbe kipya kwa ajili ya filamu hufundishwa jambo moja mapema: kiumbe aaminike kwanza kwa namna anavyokula na anavyojificha, mapembe na miiba vitakuja baadaye. Hapa tunavyo vyote viwili, vya kula na vya kujificha, kwenye kina cha mita 1,470 za maji, na watoto wetu wanachora dragoni wa kwenye katuni za Japani kwa sababu hakuna aliyewaonyesha samaki wa kwao kwa jicho hilo.

Mwaka 2024 ziwa lilipofungwa kwa uvuvi miezi mitatu, Mei hadi Agosti, niliwaona vijana wa mwalo huu wakikaa juu ya mitumbwi iliyopinduliwa, asubuhi mpaka jioni. Sisemi wote wangekuwa wahuishaji. Wengi wangenifukuza na laptopu yangu. Lakini wawili walikuja wenyewe kuuliza ninafanya nini. Mmoja anajua kumchora mgebuka kwa mistari saba, kwa mkaa, ukutani, na mgebuka anaogelea. Nilimpa kompyuta yangu saa mbili kila jioni. Kompyuta ni moja. Nikiwa na kazi ya mteja yeye hukaa nje.

Hapo ndipo najua mtaanza kufikiria jengo. Naomba msijenge. Kituo cha ubunifu chenye jiwe la msingi na utepe kitachukua miaka, kikiisha kitakuwa na viti na hakitakuwa na mwalimu. Kwenye shule mbili za mji huu nimeona kwa macho yangu vyumba vya kompyuta vilivyofungwa kwa kufuli, mashine zimefunikwa vitambaa vya kufumwa kama makochi ya sebuleni. Zifunueni. Chumba kimoja, kuanzia saa kumi jioni hadi saa mbili usiku, na mlinzi mmoja. Programu si tatizo: Blender ni ya bure tangu ilipofunguliwa kwa umma mwaka 2002, haina leseni ya kununua wala malipo ya mwaka. Filamu ya Latvia inayoitwa Flow, ya paka na wanyama wenzake wasiosema neno hata moja, ilitengenezwa kwa programu hiyo hiyo ya bure na ikachukua Oscar ya filamu bora ya uhuishaji mwaka 2025. Latvia nzima haifiki watu milioni mbili. Mkoa wa Kigoma peke yake, kwa sensa ya 2022, una zaidi ya milioni mbili na laki nne.

Mashine zile za shule ni za zamani, najua. Ya kwangu pia ni ya zamani. Hesabu yangu ni hii: fremu moja ikichukua dakika 20 kurenda, yaani kompyuta kuipaka mwanga na kivuli mpaka iwe picha kamili, sekunde tano za filamu ni fremu 120, na hizo ni saa 40. Umeme ukikatika saa ya thelathini na nane unaweza kulia. Ndiyo maana tunarenda fremu moja moja kama picha, si video nzima, ili kilichokwisha kiwe kimekwisha. Mtu anayejifunza mwendo hahitaji kurenda sana hata hivyo. Anaweza kufanya kazi na mnyama wa kijivu asiye na manyoya kwa mwaka mzima, na anafaa afanye hivyo, kwa sababu manyoya huficha makosa.

Nisiwadanganye kuhusu mshahara wala usalama wa kazi hii. Kampuni ya Marekani ya Rhythm & Hues, iliyomtengeneza chui milia wa filamu ya Life of Pi, iliomba kinga ya mufilisi Februari 2013, na siku chache baadaye mwezi huo huo kazi yake ikapewa Oscar. Mafundi walishangilia sanamu ya dhahabu hawajui mshahara unatoka wapi. Akili mnemba nayo imekuja; mwaka jana nilipoteza kazi mbili za matangazo kwa wateja walioamua kuandika sentensi na kupata picha. Zilikuwa kazi za haraka haraka, na nakiri kwamba moja ya picha hizo ilikuwa nzuri. Nyingine ilikuwa na farasi anayekimbia kwa miguu ya mbele miwili na ya nyuma mmoja na nusu. Na kulipwa kutoka nje ni safari: njia nyingi za malipo ya mtandaoni zinakuruhusu Mtanzania kulipa, kulipwa ni hadithi nyingine, kwa hiyo pesa yangu hupitia kwa rafiki aliyeko ng'ambo, naye huichelewesha kwa nia njema. Hilo la malipo liko juu ya mkoa, nalitaja tu ili asije mtu akadhani ninaishi kama ninavyoonekana kwenye video.

Hata hivyo kazi ipo. Dar es Salaam wapo watu wa shirika la Ubongo, ambao vipindi vyao vya katuni vya watoto, vilivyoanza 2014, vinatazamwa nchi nyingi za Afrika. Na yapo mambo tuliyoyaacha yapite: mtindo wa uchoraji wa Tingatinga, uliozaliwa Dar mwaka 1968 kwa mkono wa Edward Saidi Tingatinga, ulipogeuzwa kipindi cha katuni cha kuoneshwa duniani, wanyama wale walichezeshwa Nairobi. Nairobi walikuwa na chumba na watu waliokwisha kujifunza. Sina kinyongo nao. Ila siku mtu akija kutafuta wa kumchezesha sokwe wa Gombe, sitaki tena aambiwe apitilize.

Basi ombi langu lisomeke hivi. Pawe na fomu ya tatu, katikati ya mtalii na kampuni: kibali cha kujifunza, kwa ada anayoiweza mtoto wa mvuvi. Vijana kumi kwa mwaka wanatosha, wanne wa mjini, wengine kutoka Kasulu, Kibondo, Uvinza, popote, siku tatu kila mmoja, nje ya msimu wa wageni, nyuma ya askari wa hifadhi na kwa umbali atakaoutaka yeye. Tutavaa barakoa, najua sokwe huugua magonjwa yetu, na najua polio iliwapiga mwaka 1966. Mwenye mafua atabaki Kibirizi. Picha zote zitakazopigwa zisiwe zangu wala za hao vijana, ziwe mali ya mkoa, ziwekwe kwenye maktaba bila kukatwa hata sekunde ya kuchosha: sokwe anakaa, sokwe anageuka, sokwe hafanyi kitu. Wenye Mahale nao, walio na hifadhi tangu 1985 na sokwe waliozoea watu, wakitaka kuchangia tutashukuru. Wavuvi tutawarekodi sisi wenyewe, hawana fomu.

Nimeambatisha kazi yangu kwenye flashi ndogo, ni sekunde kumi na moja. Sokwe jike mzee, wa kijivu, hana manyoya, anainuka kwenye mteremko na kuondoka. Mtamwona yuko sawa mpaka sekunde ya saba. Pale anapogeuka, bega la kushoto linachelewa, na mguu wa nyuma unatua kama umesukumwa na mtu. Nimeirudia sehemu hiyo mara thelathini na sita. Bado sijui anatanguliza mkono upi.

Wenu mtiifu,
Mchezeshaji wa viumbe, mwaloni Kibirizi, nyumba ya pili baada ya vichanja vya dagaa